Mgongo wa Mteremko

Siku Jemadari alipoanguka kwa mara ya pili, Koplo alikuwa katikati ya maonyesho. Mteja, mwenye duka la vifaa vya ujenzi, alikuwa amekunja nne kwenye kiti cha plastiki uani, soda mkononi, na Koplo ameinama kando ya Jemadari, mbwa wake, anampanga. Kumpanga mbwa ni kazi ya mikono na inataka mtu asiye na papara. Unamshika kidevu ili kichwa kiinuke, unaweka miguu ya mbele sambamba, kisha unauvuta mguu mmoja wa nyuma urudi nyuma kabisa na mwingine unauacha chini ya tumbo. Hapo mgongo unashuka wenyewe kutoka mabegani mpaka mkiani, na mbwa aliyekuwa anajikuna sasa hivi anageuka mfalme.

Mashepadi, hao ambao mtaa mzima unawaita mbwa wa polisi, hununuliwa kwa mteremko huo. Watu hawaulizi meno wala akili. Wanautazama mgongo, wanaguna kidogo kama watu wanaojua, halafu wanatoa pochi.

"Mwone mwenyewe," Koplo alisema. "Mgongo huu hupati pengine mji mzima. Huyu ndiye baba. Wale bandani ni watoto wake, na mama yao ni damu yake vilevile. Hamna mchanganyiko."

Jemadari alisimama vile alivyopangwa, macho mbele, mpaka Koplo alipomwachia kidevu. Akakaa, kisha akalala ubavu taratibu, kama mtu anayetafuta mto. Ulimi ukatoka nje. Mteja akashusha mguu wake chini.

"Amechoka?"

"Jua," Koplo alisema.

Jua lenyewe halikuwepo. Kulikuwa na mawingu tangu asubuhi, na mteja aliinua uso akayatazama hayo mawingu, akamaliza soda, akasema atapiga simu. Koplo aliwajua watu wanaosema watapiga simu. Alimsindikiza mpaka langoni akicheka kicheko cha kazi, na aliporudi alimkuta mkewe amechuchumaa kando ya mbwa, anamfunua mdomo kwa kidole gumba.

"Mara hii mpeleke kwa daktari, baba watoto," mkewe alisema. "Na usiniletee tena habari za jua."

Daktari wa mifugo alikuwa mama mfupi mwenye sauti ya ukali, na chumba chake kilinuka dawa na manyoya yaliyolowa. Koplo alikuwa amemleta Jemadari kwa mkokoteni wa jirani, watu wakigeuka njiani kumtazama mfalme akipandishwa kama gunia la mkaa. Daktari alimvuta mbwa mdomo wa juu. Ufizi ulikuwa mweupe, hauna hata dalili ya wekundu. Akamnyoa manyoya tumboni, akapitisha kile kifaa cha kupiga picha, akaitazama mashine kwa muda mrefu kuliko Koplo alivyopenda.

"Bandama ina uvimbe," alisema. "Mkubwa. Unavuja damu ndani kwa ndani. Ukivuja anaanguka, ukitulia anainuka. Siku moja hautatulia."

"Mpige sindano."

"Hii haina sindano. Ni saratani. Naweza kumpasua nikaitoa bandama yote, lakini ikifika hapa mara nyingi imeshatembea mpaka kwenye ini. Utakuwa umemnunulia wiki chache, na wiki zenyewe za maumivu."

"Mbwa wangu hali makombo, daktari. Muulize yeyote."

"Sijakulaumu kwa chakula. Hawa mashepadi wana mambo yao wanayozaliwa nayo. Saratani hii ni mojawapo. Nyonga ni nyingine: kifupa hakikai vizuri kwenye tundu lake, mbwa anakua mzuri wa kuangalia, kisha siku moja nyuma hakuinuki. Huyu umempandisha na nani?"

"Na Tausi."

"Tausi ni nani?"

Koplo alijikuna shingo. "Binti yake."

Daktari aliweka kifaa chini. Wafugaji wa mbwa hawa wana neno lao, wanaliita kurudisha damu. Ukishapata mgongo unaoutaka, unamrudisha binti kwa baba ili mgongo usipotee. Koplo alilisema neno hilo sasa, akajaribu kulisema kama fundi anavyotaja jina la spana yake.

"Umerudisha mgongo," daktari alisema, "na ugonjwa umerudi nao, mara mbili. Watoto wake wangapi wamelegea nyuma?"

"Hamna."

"Hata mmoja?"

"Hamna, nimekwambia."

Aliyasema haraka, kama mtu aliyekwisha kuyasema sana. Na kweli alikwisha kuyasema. Fundi cherehani wa barabarani alimletea mbwa anayejiburuta, Koplo akamuuliza, unamlaza wapi? Kwenye saruji? Basi ndiyo hayo. Mwalimu mstaafu alikuja na wa kwake, naye akaambiwa ni saruji. Mama muuza mitumba akaambiwa alimlisha sana, akawa mzito. Wote waliondoka wameinamisha vichwa, na fundi cherehani aliomba radhi kabisa, akasema hakujua. Koplo aliwahurumia watu hao kwa ujinga wao. Hakuwahi kujiuliza mbona saruji inachagua watoto wa Jemadari peke yao, au labda aliwahi kujiuliza akalipeleka swali mbali.

"Usiwapandishe tena," daktari alisema akinawa mikono. "Na uliowauzia, waambie."

Aliporudi nyumbani na mkokoteni wake, binti yake mkubwa alikuwa ameketi kizingitini, tumbo lake la ujauzito limetangulia mbele. Kando yake alikuwa mumewe, ambaye walinzi wenzake walimwita Mpole. Mkono wake wa kushoto ulikuwa ndani ya plasta kuanzia kiganja mpaka juu ya kiwiko, na jicho moja lilikuwa limevimba likafumba. Hakuwa na sare. Koplo hakuwahi kumwona mkwewe mchana bila sare, na ilimchukua muda kuelewa ni nini kilichopungua.

"Shikamoo, baba," Mpole alisema, akajaribu kusimama.

"Marahaba. Kaa, kaa. Nani kakufanya hivi?"

Aliyeeleza ni binti, kwa sababu Mpole mwenyewe akipewa sentensi tatu alitumia moja. Alikuwa lindoni kwenye ghala la nyaya, yeye na Shujaa. Shujaa alikuwa mtoto wa Jemadari na Tausi, wa uzao wao wa kwanza. Koplo alimfundisha mwenyewe, akamkabidhi kwa kampuni ya ulinzi, na kwa heshima yake kampuni ikampanga mkwewe kuwa mshika mnyororo wake. Wezi waliruka ukuta. Shujaa aliinuka, akabweka, akakimbia hatua chache, nyuma kukalegea. Akakaa kitako katikati ya uwanja anabweka tu. Wezi walisimama kwanza kwa woga, kisha wakaona mbwa haji, wakacheka, wakamgeukia Mpole na nondo.

"Sasa kampuni inasema nini?" Koplo aliuliza.

"Inasema ni uzembe wake," binti alisema. "Ati alikuwa anauza chakula cha mbwa, mbwa kadhoofika. Ati hamfanyishi mazoezi. Wamemvua sare mpaka kikao cha Alhamisi. Akipatikana na kosa anafukuzwa, na chumba cha kampuni tunarudisha siku hiyohiyo. Nikajifungulie wapi, baba? Barabarani?"

Mpole alikuwa anamtazama Jemadari aliyelala kwenye mkokoteni.

"Nilikwambia, baba," alisema taratibu. "Nilikuja hapa nikakwambia Shujaa anaamka kwa shida. Ukasema nimtandikie gunia."

"Ukamtandikia?"

"Nilimtandikia godoro langu."

Koplo aligeukia mkokoteni. Alisema watu wapishe njia, akamshusha Jemadari, akamlaza kivulini.

"Wamesema watakuita wewe kikaoni," binti aliendelea. "Wanasema wewe ndiye mtaalamu, utakachosema ndicho watakachokifuata. Sasa wewe waambie tu ukweli. Mbwa ni mgonjwa, basi. Si unajua ni mgonjwa?"

"Nitasema," Koplo alisema. "Mnanionaje nyinyi? Nitasema."

Na alipolisema alikuwa analiamini. Hilo ni lazima lisemwe kwa haki yake.

Jioni alikwenda bandani kuwapa chakula watoto wa uzao mpya. Walikuwa sita, masikio bado hayajasimama, wanakanyagana kuingia kwenye sinia. Kampuni ilikuwa imeahidi kuwachukua wote. Si hivyo tu. Meneja alimwahidi kazi: mkufunzi mkuu wa mbwa. Fundi wa kampuni alishampima mabega kwa ajili ya sare, na Koplo alipotoka kwenye vipimo hivyo alitembea barabara nzima kifua mbele. Tangu alipostaafu kitengo cha mbwa cha polisi, cheo chake kilibaki jina la utani, watoto wa mtaa wanampigia saluti za mzaha akienda kununua mkate. Alizirudisha saluti hizo huku akitabasamu, na kila moja ilimchoma.

Mkewe alikuja na ndoo ya maji, akasimama nyuma yake.

"Daktari kasema nini?"

Akamwambia, yote, hata lile la kurudisha damu. Mkewe alisikiliza akiwatazama watoto wa mbwa. Mmoja, dume mwenye kifua cheusi, alitoka kwenye sinia na kukimbilia maji, na miguu yake ya nyuma ilikwenda pamoja, anadunda kama sungura.

"Huyu anaruka hivyo tangu wiki iliyopita," mkewe alisema. "Nilidhani anacheza."

"Anacheza."

"Haya."

Kisha Koplo akasema, "Nikisema Shujaa kazaliwa na kasoro, hawa hawanunuliki. Hata mmoja. Na ile kazi imekwenda na maji. Miaka yangu yote imekwenda na maji. Wataniita tapeli."

"Mimi sijakuuliza kitu."

"Nakwambia tu."

"Unaniambia ili niseme nini? Nikuambie usiseme, ili kesho useme mke wangu alinishauri?" Alimimina maji kwenye beseni. "Yule ni mkweo. Yule ni mwanao. Hawa ni mbwa. Nimemaliza."

Ofisi ya kampuni ilikuwa na zulia jembamba na feni inayolia kila ikigeuka upande wa dirisha. Meneja alikuwa nyuma ya meza, na pembeni yake ofisa utumishi, mwanamke kijana anayeandika kila kitu kwenye kompyuta bila kuinua macho. Koplo alipoingia, meneja alisimama, akampa mkono, akamvutia kiti cha kitambaa. Chai ikaletwa kikombe kimoja. Mpole alikuwa amesimama karibu na mlango na mkono wake wa plasta, na hakuna aliyemwambia akae. Koplo alikitazama kiti cha plastiki kilichokuwa wazi, akafikiria kumwambia mkwewe akikalie, akaona si ofisi yake.

"Koplo, tunakuheshimu sana," meneja alisema. "Sare yako imekamilika, iko stoo, ukitoka hapa upite ukaijaribu. Sasa tusaidie. Mteja wetu kaibiwa, anataka kujua kwa nini mbwa tunayemlipisha hakufanya kazi. Kijana anasema mbwa ni mgonjwa. Ajabu ni kwamba hakuna mgonjwa mwingine, ni wa kwake tu. Wewe ndiye uliyemzaa, tuseme hivyo."

Alicheka, na Koplo akacheka kidogo, kwa adabu.

"Ulimtoa kwako akiwa na kasoro?"

Hapa ndipo pa kusema. Koplo alikuwa ameyapanga maneno tangu alfajiri, yalikuwa machache na mepesi. Alikunywa chai kwanza.

"Nilimtoa akiwa mzima," alisema. "Siku ile nilipomtoa, alikuwa mzima."

"Mzima kabisa?"

"Siku ile."

Alitaka kuongeza. Alikuwa na "lakini" mdomoni, tayari kabisa. Ila mlango ulifunguliwa, mlinzi mmoja akaingia na Shujaa kwenye mnyororo, na Shujaa alipomwona Koplo alisahau yote, akalia kwa furaha, akajivuta juu ya zulia, mkia unapiga miguu ya meza. Alikuwa mzuri bado. Kichwa kile, kifua kile. Nyuma alikuwa anayumba, lakini mbwa mwenye furaha huyumba, na waliojua tofauti chumbani walikuwa wawili tu.

"Tupangie basi tumwone," meneja alisema. "Kama unavyowapanga kwako. Mbwa mgonjwa hawezi kupangwa, au vipi?"

Koplo alipiga magoti kwenye zulia. Baadaye alijiambia kwamba mikono ilifanya yenyewe, na kwa sehemu ni kweli, mikono iliyofanya kazi moja maisha yote ina kichwa chake. Ilishika kidevu, ikaweka miguu ya mbele. Ikauvuta mguu wa nyuma. Lakini mkono wa kulia haukuondoka. Ulibaki chini ya paja, ndani ya manyoya marefu ambapo mtu aliyeketi mezani haoni kitu, na kiganjani mwake Koplo alisikia uzito wote wa mbwa ukishuka na paja likitetemeka kama mtu mwenye homa. Shujaa hakulia. Aliambiwa asimame na mtu anayempenda, akasimama. Mgongo ukashuka kutoka mabegani mpaka mkiani, mteremko mzuri kuliko wa baba yake.

"Mbwa ndiye huyu," meneja alisema. "Sasa ugonjwa uko wapi?"

"Toa mkono, baba."

Mpole aliyasema kwa sauti ya chini, kutoka mlangoni. Kwa mara ya kwanza ofisa utumishi aliinua macho kwenye kompyuta yake.

"Umesema nini?" meneja aliuliza.

"Namwomba baba atoe mkono wa chini."

Koplo alikuwa anautazama mgongo. Akitoa mkono, mbwa ataanguka juu ya zulia mbele ya watu wote, na maneno hayatahitajika tena. Mkwewe atarudishiwa sare, binti yake atajifungulia chumbani mwake. Ilikuwa kazi ndogo kuliko zote alizowahi kuombwa. Alifikiria sare iliyoko stoo. Akamfikiria fundi cherehani akiomba radhi, mwalimu, yule mama, na mtaa mzima ukija langoni kwake na mbwa wanaojiburuta. Akaona aibu kubwa sana, na kwa kuona aibu hiyo akafanya jambo la aibu zaidi.

"Mbwa akipangwa anashikwa," alisema. "Ndio utaratibu wa kazi."

"Mwachie mtaalamu afanye kazi yake," meneja alimwambia Mpole.

Koplo alimwambia Shujaa, "Lala." Alimpa amri hiyo kabla hajaondoa mkono, na mbwa akashuka chini, ikaonekana ni utii. Ofisa utumishi aliandika. Mpole alimtazama baba mkwe wake akiinuka na kujipangusa magoti, akamtazama bila hasira, kama unavyomtazama mtu uliyedhani ni jamaa yako barabarani, kumbe si yeye.

Stoo Koplo hakupita. Alijiambia atapita kesho.

Nyumbani alimkuta Jemadari ameshakufa. Alikufia palepale kivulini, tumbo limejaa, ufizi mweupe kabisa, na mkewe alikuwa amemfunika gunia na kuweka jiwe kila pembe ili upepo usilifunue. Koplo alichukua jembe akaanza kuchimba nyuma ya banda. Alikuwa bado anachimba mkokoteni ulipoingia. Mkokoteni ulikuwa uleule wa jirani, safari hii umebeba godoro, jiko, ndoo mbili na sanduku la nguo za mtoto ambaye hajazaliwa. Binti yake alikuwa anatembea nyuma yake, mkono mmoja kiunoni.

Alipita karibu na shimo. Alisimama.

"Mume wangu hataki kuniambia ulisema nini kikaoni," alisema. "Anasema nikuulize wewe."

Koplo alifuta jasho. "Nilisema nilimtoa akiwa mzima."

Binti alingoja. Alimpa baba yake nafasi ya kutosha kabisa ya kuongeza neno. Kisha akaingia ndani, na tangu siku hiyo alimwandalia chakula, alimfulia nguo, alimsalimia asubuhi kama heshima inavyotaka, na zaidi ya hapo hakuzungumza naye.

Shujaa alirudishwa baada ya siku chache. Gari la kampuni lilisimama langoni, dereva na mlinzi wakamshusha kwa turubai, amelegea nyuma kabisa, macho yamejaa aibu ya mnyama aliyejichafua. "Mzigo wako huo, Koplo," dereva alisema. "Bosi anasema hauna gharama. Kesho tunakuja kuchukua wale wadogo." Alipotazama bandani akaongeza kwa utani, "Tuchagulie wenye miguu minne."

Koplo alivaa shati safi akaenda ofisini siku hiyohiyo. Safari hii hakukaribishwa kiti. Alizungumza akiwa amesimama, karibu na mlango, pale aliposimama mkwewe. Alisema mbwa ana nyonga mbovu za kuzaliwa, baba yake amekufa kwa saratani, wale wadogo wasichukuliwe, kijana hana kosa lolote, na siku ile alimshikilia mbwa kwa mkono. Alisema yote, na kuyasema hakukuwa kugumu, na hilo ndilo lililomuumiza.

Meneja alimsikiliza mpaka mwisho.

"Kikao kimefungwa, mzee," alisema. Hakumwita Koplo. "Mteja ameshapewa maelezo, nafasi imeshapata mtu. Nikianza kusema mtaalamu wangu alinidanganya, mimi nitaonekanaje? Ulimpanga mwenyewe, sote tuliona." Akavuta faili nyingine. "Na ile sare usijali. Tutaipunguza mabega, avae mtu mwingine."

Koplo alirudi kwa miguu. Njiani alipita kwa fundi cherehani, akasimama mlangoni mpaka cherehani iliponyamaza.

"Yule mbwa wako," alisema. "Haikuwa saruji."

Fundi aliukata uzi kwa meno. "Yule nilishamzika," alisema. "Watoto wangu walinilaumu mimi. Wanasema nilimlaza vibaya." Akakanyaga cherehani tena, na Koplo akaona hana la kufanya pale ila kuondoka. Kwa mwalimu alipita pia, na kwa mama wa mitumba. Hakuna aliyemtukana. Angefurahi kama mmoja angemtukana.

Gari la kampuni lilikuja kesho yake likaondoka tupu. Watoto sita walibaki bandani wanakula, mkewe anapima unga, na yule wa kifua cheusi anadunda kama sungura kutoka sinia mpaka kwenye maji.

Shujaa aliwekwa barazani, kwenye godoro la Mpole. Alikuwa na tabia moja aliyofunzwa akiwa mdogo na hakuiacha: hachafui mahali anapolala. Kila asubuhi alijivuta kwa miguu ya mbele, anahema, anakwaruza sakafu kwa kucha, akitaka kufika kwenye majani kando ya ua. Asubuhi moja Koplo alimkuta ameishia katikati ya uwanja. Aliinama amwinue, akamshika vile alivyozoea, mkono mmoja kidevuni na mwingine chini ya paja, na Shujaa akalia kilio ambacho Koplo hakuwahi kukisikia kwa mbwa wake yeyote.

Mpole alitoka ndani. Alikuwa na shuka kuukuu mkononi, limekunjwa likawa mkanda mpana. Alipiga magoti upande wa pili wa mbwa, akalipitisha shuka chini ya tumbo kwa mkono wake mmoja mzima, na ncha ya pili ikamshinda, kwa sababu mkono wa kuishika ulikuwa ndani ya plasta. Binti alikuwa mlangoni anatazama. Hakusogea.

Mpole aliisukuma ile ncha juu ya mchanga mpaka ikafika magotini kwa Koplo.

"Shika, baba."

Koplo aliishika. Wakainuka pamoja, shuka likakaza, na nyuma ya mbwa kukapanda. Koplo alisikia uzito uleule aliousikia ofisini, wote, ukishuka kwenye kiganja chake. Bila kufikiri akanyoosha mguu wake amsogeze mbwa mguu wa nyuma ukae sawa, mgongo unyooke.

"Usimpange," Mpole alisema. "Mwache aende anavyoweza."

Wakaenda, hatua moja moja, mbwa akiwa katikati yao amepinda, mpaka kwenye majani. Shujaa alikojoa akiwa ananing'inia kwenye shuka, masikio yamesimama, anatazama langoni kama yuko lindoni. Walipogeuka kumrudisha, mlango wa nyumba ulikuwa umefungwa.